Kipimo cha Mguu wa Keneiloe

Barua ilifika Jumatatu asubuhi, na Keneiloe hakuweza kungoja jioni. Aliifumbata mkononi, akatoka mtaa wao wa Batho kwa miguu mpaka mjini, akazunguka nyuma ya duka la viatu alikofanya kazi baba yake, akagonga mlango wa uani. Ilikuwa saa saba na robo mchana. Saa hiyo Bloemfontein nzima maduka yamefungwa, Wazungu wamekwenda kula, na mle ndani amebaki Tshokolo peke yake na kitambaa cha vumbi.

"Nani?"

"Mimi, Baba. Fungua."

Tshokolo alifungua mlango nusu. Alikuwa mtu mrefu, mwembamba, koti la kazi limemfika magotini. "Kuna nini? Mama yako ana nini?"

"Hana kitu. Nimechukuliwa, Baba! Hospitali ya misheni wamenichukua! Treni Jumapili!"

Basi Tshokolo akasahau kama yuko wapi. Alimvuta binti yake ndani, akamshika mabega, akamtikisa, akacheka bila sauti kama alivyozoea kucheka humo dukani. Msichana huyu alikuwa amesoma mpaka macho yakamuuma, kwa mshumaa, huku mama yake akipiga pasi nguo za watu pembeni. Sasa anakwenda kuwa nesi. Mtoto wa Tshokolo!

"Soma. Soma tena nisikie."

Keneiloe alisoma. Barua ilikuwa na orodha: soksi ndefu nyeusi jozi mbili, saa yenye mshale wa sekunde, nguo za ndani za kutosha. Halafu viatu vyeusi vya ngozi, vya kufunga kamba, kisigino kifupi. Msichana atakayefika bila vifaa hivi atarudishwa kwao.

"Viatu!" Tshokolo alipiga paja. "Wanamtisha nani kwa viatu? Miaka kumi na tisa nakula na kulala na viatu. Hilo niachie mimi."

Keneiloe alikuwa anatazama. Tangu utoto alisikia habari za duka hili, lakini hakuwahi kuvuka pazia la stoo. Aliona kiti cha wateja cha ngozi nyekundu, na mbele yake kigoda cha Bi Hester, muuzaji wa Kizungu. Juu ya kigoda palikuwa na kile kipimo cha chuma, chenye namba ubavuni na kitelezi cha kugusa kidole gumba.

"Baba, nipime."

"Nini?"

"Mguu. Si kipimo hicho hapo? Dakika moja tu. Hakuna mtu."

"Una wazimu?" Sauti ya Tshokolo ilibadilika palepale. "Unajua hicho ni kiti cha nani? Mimi mwenyewe sijakikalia. Bi Hester akipita dirishani akakuona umeweka mguu hapo, kesho nakula wapi?"

"Nimenawa miguu, Baba."

Alisema hivyo tu, polepole, kama mtoto anayeulizwa kama amenawa mikono kabla ya kula. Tshokolo hakujua aweke wapi uso wake. Na kwa kuwa hakujua, akakasirika zaidi.

"Toka. Nenda nyumbani. Toka kabla hawajarudi!"

Alimsukuma mpaka uani, akafunga mlango kwa komeo. Kisha, bila kuambiwa na mtu, akachukua kitambaa akafuta sakafu pale binti yake aliposimama. Hakukuwa na uchafu wowote. Alifuta tu, naye mwenyewe akajiona anavyofuta.

*

Jioni alirudi nyumbani amebeba aibu yake tumboni. Alikula ugali wake. Mkewe, ambaye mtaa mzima ulimwita Mama Keneiloe, alikuwa na rundo la mashati ya Wazungu na pasi mbili, moja mkononi, moja juu ya jiko.

"Umemfukuza mwanangu leo," alisema. "Siku ya furaha yake."

"Sikumfukuza."

"Kumbe ulimsindikiza?"

Tshokolo alinyanyuka. Nyumba ilikuwa na kiti kimoja tu chenye mgongo, na kilikuwa chake. Alikivuta katikati ya chumba, akaweka mto, akakipangusa kwa mkono wa shati. Halafu akainama kama anavyoinama Bi Hester akiona gari kubwa limesimama mlangoni.

"Karibu, Bibi. Bibi atapenda kuketi?"

Keneiloe alimtazama, kisha akamtazama mama yake. Alikuwa bado amenuna kidogo, lakini kununa kwenyewe kulimshinda. Akaja, akaketi, akapandisha pua.

"Nataka kiatu cha kwendea dansi, Tom," alisema kwa sauti ya puani. Tom ndilo jina alilopewa baba yake kazini, kwa sababu Tshokolo liliwashinda. "Na usinishikeshike mguu."

"Hata kidogo, Bibi. Mimi na mguu wa Bibi hatujuani."

"Na duka lako linanuka, Tom."

"Ni Bibi aliyeingia sasa hivi, Bibi."

Mama Keneiloe ilibidi aweke pasi chini, asije akaunguza kola ya mtu kwa kicheko. Tshokolo alipiga magoti. Alitandika gazeti sakafuni, akashika kisigino cha binti yake kwa viganja viwili, akakilaza taratibu juu ya gazeti, akatoa penseli nyuma ya sikio. Akazungusha mstari: kisigino, ubavu, kidole kwa kidole. Keneiloe alitekenywa, akapiga kelele, naye akamkemea: "Bibi atulie! Bibi ana mguu mzuri sana, tumboni mwa mama yake alipimwa kwa rula."

Kila siku ya kazi, kwa miaka kumi na tisa, Tshokolo alikuwa akisikia nyuma ya pazia sauti ya Bi Hester ikisema maneno yaleyale: sasa simama, Bibi, mguu huongezeka mtu akisimama. Aliyajua kama anavyolijua jina lake. Lakini jioni ile hayakumjia. Mwanawe alikuwa ameketi raha mustarehe kwenye kiti, anacheka, amemsamehe, naye hakuwa na haraka ya kumwinua. Alimpima ameketi. Akaukata mguu wa gazeti kwa mkasi wa mkewe, akaukunja, akautia mfukoni mwa koti.

*

Ijumaa, baada ya kupokea mshahara, Tshokolo alivua koti la kazi, akatoka mlango wa uani, akazunguka uchochoroni, akapanga foleni kwenye kidirisha. Huko ndiko walikohudumiwa Waafrika. Utaratibu ulikuwa unajulikana: unaleta kipimo chako cha karatasi au cha kamba, unalipa, unapewa boksi. Kujaribu hakuna, kurudisha hakuna. Mbele yake walikuwa mama mmoja mwenye kamba yenye mafundo matatu na mzee mmoja aliyebeba kiatu kikuukuu. Tshokolo aliyekuwa ndani dakika tano zilizopita, aliyejua kila boksi liko rafu gani, alisimama nyuma yao kofia mkononi.

"Ah, ni wewe, Tom," Bi Hester alisema. Aliuchukua mguu wa gazeti, akauweka chini ya soli. "Namba tano."

"Si tano na nusu, Bi Hester?"

"Karatasi inasema tano. Karatasi ni yako."

Hapo Bwana Delport, meneja, akatokea nyuma yake. Alikuwa mtu wa damu nzuri, hakuwahi kumpiga mtu. "Ni vya binti yako? Yule wa unesi? Safi sana, Tom! Hester, mpunguzie shilingi mbili." Kisha akageuka dukani, ambako mabibi wawili walikuwa wameketi na soksi zao, akasema kwa sauti: "Boi wetu huyu. Mwanawe anakwenda kusomea unesi. Hapa tunawatunza watu wetu."

Mmoja wa wale mabibi alinyosha shingo amwone boi kupitia kidirisha, akatabasamu. Tshokolo aliinamisha kichwa, akashukuru mara mbili. Zile shilingi mbili zilimwingia mfukoni na kumfunga mdomo, ingawa hilo hakulijua bado.

*

"Vaa tuone," alisema Mama Keneiloe.

Keneiloe alivaa soksi mpya, akafungua kamba mpaka mwisho, akaingiza mguu kwa msaada wa mpini wa kijiko. Wa kulia uliingia. Wa kushoto ulisita, kisha ukaingia nao. Alifunga kamba taratibu, akasimama. Kitu kikapita usoni mwake, kikatoweka.

"Vipi?" Tshokolo aliuliza.

"Vimenitosha, Baba."

"Hebu tembea."

Alitembea kutoka jikoni kwenda mlangoni. Hatua ya kwanza, ya pili. Sasa sikiliza: huyu ni mtu aliyekaa miaka kumi na tisa nyuma ya pazia akisikiliza Wazungu wakijaribu viatu. Haruhusiwi kuwaona miguu, lakini masikio hayana pazia. Mguu uliobanwa una sauti yake. Kisigino kinafika mapema, vidole vinachelewa. Bi Hester akiita, "Tom, namba ya juu!" tayari Tshokolo analo boksi mkononi.

Hatua ya tatu. Mkono wa Tshokolo ukanyanyuka wenyewe kutafuta rafu. Hapakuwa na rafu, ulikuwa ukuta wa nyumba yake tu. Akajikuna sikio.

"Mbona anakanyaga kama kuku kwenye majivu ya moto?" Mama Keneiloe aliuliza.

"Ni vipya," Tshokolo alisema.

"Vipya, na vidogo. Nipe hapa niloweke mahindi, tuvijaze usiku huu. Mahindi yakivimba yatavitanua. Nyumbani kwetu ndivyo tulivyofanya."

"Maji kwenye ngozi hii? Ipasuke? Matroni wa hospitali akaone madoa siku ya kwanza?" Alisikia sauti yake ikipanda, ile sauti ya Jumatatu. "Mama Keneiloe, mimi na viatu tumezeeka pamoja. Nikufundishe kupiga pasi mimi?"

"Vinanitosha, Mama," Keneiloe alisema. "Kweli. Mwache Baba."

Alimtazama baba yake. Alijua bei ya viatu, alijua kidirisha hakirudishi, alijua pia zile shilingi mbili kwa sababu Tshokolo alikuwa amezitangaza tangu mlangoni, kwa majivuno. Baba yake hakumtazama. Alikuwa anakunja karatasi laini iliyotoka kwenye boksi, anaikunja tena na tena, vizuri kabisa, kama vile itahitajika.

*

Jumamosi duka hufungwa saa saba. Tangu asubuhi Tshokolo alikuwa anatafuta nafasi, na alipoipata, Bwana Delport amesimama peke yake anajaza kiko chake tumbaku, alikohoa kwanza.

"Bwana. Kuna mtu wa mtaani kwetu. Alinunua kiatu kidirishani. Anasema kinambana kidogo, anauliza kama Bwana anaweza kumbadilishia. Nusu namba tu."

"Kimeingia mguuni?"

"Mara moja tu, Bwana. Ndani ya nyumba. Na soksi."

"Basi ni chake." Bwana Delport hakukasirika hata kidogo. "Tom, wewe si mgeni. Nitamuuzia nani kiatu kilichotoka kwenye mguu wenu?" Akawasha kiberiti, akavuta, akatabasamu. "Na binti yako? Viatu vyake vimemkaa?"

Mlango ndio ulikuwa umefunguliwa hivyo. Labda pana kitu nyuma yake, labda hapana. Mpaka leo Tshokolo hajui, na hicho ndicho kinachomtafuna. Angesema tu: Bwana, mtu huyo ni yeye. Maneno matano. Lakini akaziona zile shilingi mbili, akawaona wale mabibi wakinyosha shingo, akajiona mtu asiye na shukrani.

"Vimemkaa vizuri sana, Bwana," alisema. "Anashukuru mno."

Saa moja kabla ya kufunga, aliingia binti mmoja wa Kizungu na mama yake, akajaribu jozi tisa, asipende hata moja, wakaondoka. Tshokolo alibaki kukusanya. Jozi ya saba ilikuwa nyeusi, ya ngozi, ya kufunga kamba, namba tano na nusu. Kiatu kilikuwa bado na joto la mguu. Alikipangusa ndani kwa kitambaa kama ilivyo kazi yake, akakirudisha kwenye boksi, akaliweka boksi rafuni. Jumatatu kingeuzwa kama kipya.

*

Jumapili majirani walimsindikiza Keneiloe hadi stesheni, akina mama wa kanisa na mablanketi yao mabegani, wanaimba. Mama Keneiloe alikuwa amefunga maandazi na nyama ya kuku kwenye kitambaa. Keneiloe alivaa viatu vyake. Ilikuwa lazima, wasichana wangepokelewa stesheni ya huko wakiwa wamevaa kila kitu sawasawa.

Daraja la Wazungu lilikuwa pale karibu na lango. Daraja la Waafrika lilikuwa mwisho kabisa wa reli, ngazi za chuma kupanda, ngazi za chuma kushuka. Tshokolo alijitwika sanduku, akatembea nyuma ya binti yake. Ule wimbo ulikuwa mkubwa, akina mama wana sauti, lakini yeye hakuusikia. Alisikia chuma. Kisigino kinafika, vidole vinachelewa. Katikati ya daraja Keneiloe alisimama, akashika ukuta wa pembeni, akasema anataka kuutazama mji mara ya mwisho. Kila mtu akautazama mji.

Kwenye dirisha la behewa aliwapa mkono wote. Baba yake alikuwa wa mwisho.

"Asante kwa viatu, Baba."

Angeweza kumwambia wakati ule. Vivue, mama, kaa pekupeku njia nzima. Nisamehe, mama. Alikuwa na nafasi, treni ilikuwa bado haijapiga king'ora.

"Uwe na adabu kwa wakubwa zako," alisema.

"Nitakuwa nayo, Baba."

*

Kesho yake, saa saba mchana, Wazungu walipokwenda kula, Tshokolo alifunga komeo. Alisimama kwanza muda mrefu na kitambaa chake. Kisha akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya: alivua kiatu, akaketi kwenye kiti chekundu, akaweka mguu wake juu ya kile chuma. Kilikuwa cha baridi. Akavuta kitelezi mpaka kikagusa kidole gumba, akasoma namba. Kisha akasimama.

Kidole kikasukuma kitelezi mbele. Upana wa ukucha tu, hata haukufika. Mtu mwingine asingeuona. Tshokolo aliuangalia upana ule mpaka macho yakamwingia maji, kwa sababu ndio aliokuwa amembebesha mwanawe, ausimamie wodini kutwa nzima. Na kumbe kukaa kwenye kiti hiki kulikuwa kitu kidogo namna hii. Dakika moja, kama alivyosema mtoto. Hakuna mtu aliyepita dirishani. Hata Jumatatu ile hakuna aliyepita.

Alifuta chuma, akafuta kiti, akavaa kiatu chake, akafungua komeo.

*

Barua ya Keneiloe ilichukua wiki mbili. Mama Keneiloe ndiye aliyeisoma, maana yeye ndiye aliyekuwa na shule. Kazi ni nyingi lakini anaipenda. Wanaamka saa kumi na moja. Matroni ni mkali ila hana ubaya. Wodi ina vitanda arobaini na hakuna kukaa. "Na mwambie Baba," iliandikwa mwishoni, "viatu vyake ni imara sana, wenzangu wote wanavisifu."

"Umeona?" Mama Keneiloe alisema. "Nami nilivyokuwa napiga kelele." Alileta kalamu na wino, akaketi mezani kujibu. Aliandika habari za majirani, habari za kanisa, habari za mbuzi wa jirani aliyekula shati la Mzungu kwenye kamba. Kisha akageuka. "Na wewe? Nimwambie nini kutoka kwako?"

Tshokolo alikuwa amesimama. Siku hizo alikuwa hakalii tena kiti chake, alisema mgongo unamuuma.

"Mwandikie aloweke mahindi."

"Mahindi gani?"

"Aloweke mahindi, avijaze viatu, afunge kamba, aviache mpaka asubuhi. Halafu apanguse kwa kitambaa kikavu, apake mafuta kabla ngozi haijakauka. Haitapasuka. Mwandikie haipasuki."

Kalamu ilisimama. Tone la wino likaanguka kwenye karatasi, na Mama Keneiloe, mtu asiyevumilia doa, hakulifuta.

"Ulijua," alisema.

Tshokolo aliinamisha kichwa.

"Tangu lini, Baba Keneiloe?"

"Tangu hatua ya tatu."

Alingoja apigiwe kelele. Angeshukuru kama angepigiwa kelele. Mama Keneiloe alimtazama tu, akakitazama kile kiti, akaitazama barua yenye sifa za viatu, akaipitia tena mistari yake ya mwisho kama mtu anayesoma kitu kingine kabisa.

"Nimwandikie kwamba ulijua?"

"Hilo analijua," Tshokolo alisema.

Mama Keneiloe alichovya kalamu, akaandika habari ya mahindi.